Marais Wasiopigwa Picha

Anayetengeneza dokumentari ya Nyerere au Kenyatta huanza na shehena ya picha na kanda za sauti, kisha kazi yake inakuwa kupunguza. Anayetengeneza dokumentari ya George Washington huanza na ukuta mtupu. Upigaji picha ulitangazwa Paris mwaka 1839. Wakati huo Washington alikuwa na miaka 40 kaburini, John Adams na Thomas Jefferson miaka 13, James Madison miaka 3. Katika marais saba wa kwanza wa Marekani, ni wawili tu ambao sura zao tunazo katika picha za kamera, tena wakiwa wazee waliokwisha kutoka Ikulu: John Quincy Adams, picha ya mwaka 1843, na Andrew Jackson, picha ya mwaka 1845, mwaka aliofariki. Waliobaki tunawaona kwa mkono wa mchoraji au mchonga sanamu.

Televisheni hudai picha kila sekunde. Mhariri akikosa picha ya kweli hujaza pengo kwa picha nzuri, na hapo ndipo historia inapoharibika. Maneno ya msimulizi yanaweza kuwa sahihi kabisa huku picha iliyo juu yake ni ya mwaka mwingine, mji mwingine, au tukio ambalo halikutokea. Mtazamaji husahau maneno, picha inabaki naye. Mwanahistoria anayeingia kwenye filamu akidhani kazi yake ni kukagua mswada tu, amekagua nusu ya filamu.

Tuanze na hesabu, maana ndiyo inayoonyesha ukubwa wa tatizo. Chukua filamu ya dakika 26, inayojaza nafasi ya nusu saa kituoni. Msimulizi wa Kiswahili akisoma kwa utulivu hutoa maneno 110 hadi 120 kwa dakika. Msimulizi wa Kiingereza hufika 150, lakini maneno yetu ni marefu. "Walipomwapisha" ni neno moja. Asilimia 40 ya filamu ukiiachia muziki, mahojiano na ukimya, msimulizi anabakiwa na dakika 15 na nusu, yaani maneno 1,800 hivi. Hayo ndiyo maneno yote uliyonayo kwa miaka minane ya urais wa mtu. Upande wa picha, kila picha tuli ikikaa sekunde 8 kwa wastani, dakika 26 zinataka picha 195. Video za majumba na mandhari zikichukua theluthi moja, bado unadaiwa picha 130. Michoro ya uso wa Madison iliyochorwa akiwa hai haikaribii hata kidogo idadi hiyo.

Ndiyo maana filamu nyingi za namna hii hurudia mchoro mmoja mara kumi, kamera ikiusogelea na kuuondokea kama mlevi. Dawa yake ni vitu: kalamu, daftari la hesabu, ukurasa wa gazeti, ramani ya mji wa Washington aliyoichora L'Enfant mwaka 1791, kitasa cha mlango, kitanda. Sisi tunajiwekea kikomo: mchoro mmoja hauonekani zaidi ya mara tatu katika filamu, na kila unaporudi lazima uonyeshe sehemu ambayo mtazamaji hakuiona mwanzo.

Kusogeza kamera juu ya mchoro kunataka faili kubwa kuliko watu wanavyodhani. Fremu ya HD ina upana wa pikseli 1,920. Ukitaka kuanza na mchoro mzima na kuishia kwenye theluthi ya upana wake, faili iwe na pikseli 5,760 kwa upana. Kwa 4K iwe na 11,520. Chini ya hapo uso wa rais unalainika kama sabuni iliyolowa pale pale unapotaka mtazamaji autazame machoni. Barua ya upana wa inchi 8 iliyoskaniwa kwa nukta 600 kwa inchi inatoa pikseli 4,800, inatosha kwa HD mradi usiisogelee kupita asilimia 40 ya upana wake. Kwenye barua, kamera iende kutoka kushoto kwenda kulia, mwendo wa jicho linalosoma: itulie sekunde moja, isogee sekunde tano au sita, itulie tena sekunde moja kabla ya kukata. Mwanzo na mwisho visipotulia, mtazamaji anapata kizunguzungu bila kujua sababu.

Sasa mitego yenyewe. Mchoro mkubwa wa John Trumbull ulioko ukumbi wa Rotunda katika jengo la Bunge, ule uliochapwa pia nyuma ya noti ya dola 2, huwekwa karibu kila mara msimulizi anapotaja tarehe 4 Julai 1776. Mchoro huo hauonyeshi siku hiyo, wala hauonyeshi watu wakitia saini. Unaonyesha kamati ya watu watano ikiwasilisha rasimu ya Azimio la Uhuru tarehe 28 Juni. Wengi wa wajumbe walitia saini tarehe 2 Agosti. Mchoro wa Emanuel Leutze wa Washington akivuka mto Delaware ulichorwa Ujerumani mwaka 1851, miaka 75 baada ya usiku ule wa Desemba 1776, na bendera inayopepea mle mashuani ilipitishwa na Bunge Juni 1777. Rais wa baadaye, James Monroe, ndiye aliyewekwa aishike. Ni mchoro mzuri mno kuutupa. Utumie, ila weka maandishi madogo pembeni: "Mchoro wa 1851". Maneno mawili na mwaka, sekunde tatu, na mtazamaji anajua kwamba anatazama kumbukumbu ya Wamarekani na si ushahidi.

Bendera inastahili onyo la peke yake kwa sababu wauzaji wa video za mtandaoni hawajali. Kuanzia mwaka 1795 hadi 1818 bendera ya Marekani ilikuwa na nyota 15 na mistari 15. Maana yake John Adams, Jefferson na Madison walitawala tangu mwanzo hadi mwisho chini ya mistari 15, sio 13. Mwaka 1818 ndipo walipoirudisha kwenye mistari 13, wakati huo ikiwa na nyota 20. Kuna watazamaji wanaohesabu mistari, na ndio hao wanaoandika barua.

Majengo ni mtego mbaya zaidi, kwa vile yapo na yanaonekana ya kale. Washington hakulala hata usiku mmoja katika White House. Alitawala kutoka New York, kisha Philadelphia. Adams ndiye aliyehamia kwanza, tarehe 1 Novemba 1800, jengo likiwa bado linanuka rangi na chokaa. Baraza lenye nguzo upande wa kusini lilijengwa mwaka 1824, na la kaskazini, lile linaloonekana kwenye taarifa za habari, likamalizika mwaka 1830. Kwa hiyo video yoyote ya leo ya nje ya White House haimfai Jefferson. Kuba jeupe la jengo la Bunge lilikamilika mwaka 1866. Hata Federal Hall ya New York, ambako watalii hupiga picha kwenye ngazi wakiamini hapo ndipo Washington alipoapa, si jengo lenyewe: lile la 1789 lilibomolewa mwaka 1812, na lililopo ni la mwaka 1842, lililojengwa liwe ofisi ya forodha. Mahali ni pale pale. Piga picha ya barabara, piga jiwe la chini, usimwonyeshe mtazamaji nguzo ukamwambia "hapa".

Kwa sura ya Washington, kila mtu anaishia kwa Gilbert Stuart. Mchoro wake wa mwaka 1796 ambao hakuumaliza makusudi, akabaki nao ili aendelee kuuzia watu nakala, ndio ulioko kwenye noti ya dola 1, ila kwenye noti umegeuzwa kama kwenye kioo. Wahariri hufanya hivyo hivyo: wanageuza mchoro ili rais atazame upande wa maandishi. Msiruhusu. Vifungo vya koti vinahama upande, na mtazamaji anayeujua mchoro anaona mtu mwingine. Tena taya lililovimba kwenye mchoro huo ni la meno ya bandia. Hapa hadithi ya meno ya mbao hujitokeza, nayo ni uongo. Meno yake yalitengenezwa kwa pembe ya kiboko, meno ya watu, meno ya ng'ombe, madini ya risasi na waya. Alipoapishwa alikuwa amebakiwa na jino moja la kwake. Daftari la hesabu la Mount Vernon, nyumba na shamba la Washington huko Virginia, la Mei 1784 linaonyesha pauni 6 na shilingi 2 zilizolipwa kwa "Weusi" kwa ajili ya meno 9. Iwapo meno hayo ndiyo yaliyoingia kinywani mwa Washington, daftari halisemi, na msimulizi asiseme zaidi ya daftari. Ukurasa ule pekee, ukiwekwa kwenye skrini sekunde 12 bila muziki, unatosha.

Ukitaka uso usio na ushabiki wa mchoraji, tumia kazi ya Jean-Antoine Houdon. Alifika Mount Vernon Oktoba 1785 akachukua umbo la uso wa Washington kwa plasta. Sanamu ya udongo iliyotokana na safari hiyo ipo pale pale nyumbani, na ile ya marumaru, ya mwili mzima, imesimama katika jengo la serikali ya Virginia mjini Richmond. Kwa anayepanga maigizo: Washington alikuwa na kimo cha karibu sentimita 188 na Madison kama 163, kwa hiyo wasichaguliwe waigizaji wanaolingana mabega. Na Washington hakuvaa nywele za bandia. Zile ni nywele zake, zimefungwa nyuma na kupakwa poda.

Maigizo yana hatari yake, kwani kuna matukio maarufu ambayo hayakuwahi kuwa matukio. Hotuba ya kuaga ya Washington haikuhutubiwa. Ilichapwa gazetini Philadelphia tarehe 19 Septemba 1796, watu wakaisoma majumbani. Kumsimamisha mwigizaji mbele ya umati akiisoma kwa sauti ya kutetemeka ni kubuni tukio. Jefferson aliacha desturi ya kwenda Bungeni kutoa taarifa ya mwaka. Aliiandika, ikapelekwa, na marais wakafuata mtindo huo hadi mwaka 1913. Siku ya kiapo, tarehe 30 Aprili 1789, Washington alitamka kiapo cha katiba, ambacho kwa Kiingereza kina maneno 35. Maneno "ee Mungu nisaidie" yanayoongezwa mwishoni, hakuna shahidi wa siku ile aliyeyaandika. Sisi tunayaacha. Na ule mti wa mcheri alioukata utotoni? Uliingizwa na mhubiri Mason Weems katika toleo la mwaka 1806 la kitabu chake cha maisha ya Washington, miaka saba baada ya mhusika kufa. Unaweza kuutumia vizuri ukisimulia jinsi taifa linavyojitengenezea babu.

Msingi wa kazi yote ni barua. Nyaraka za Washington, Adams, Jefferson, Madison, Hamilton na Franklin zimenakiliwa na kuwekwa bure kwenye tovuti ya Founders Online ya Hifadhi ya Nyaraka za Taifa ya Marekani. Anza hapo kutafuta maneno, kisha nenda Maktaba ya Bunge la Marekani au Jumuiya ya Historia ya Massachusetts kutafuta picha ya karatasi yenyewe. Nakala za Founders Online zenye alama ya kwamba zimetolewa mapema hazijakaguliwa hadi mwisho, kwa hiyo linganisha na karatasi kabla hujarekodi sauti. Nukuu tamu yoyote uliyoikuta kwenye bango la mtandaoni, itafute kwanza pale. Isipopatikana, ichukulie kuwa ya kubuni mpaka uthibitishe vingine. Mount Vernon na Monticello, nyumba ya Jefferson, wote wanatunza orodha za maneno ambayo Washington na Jefferson wanasingiziwa, na orodha hizo si fupi.

Kusoma barua zenyewe kuna ujuzi wake. Herufi ya s katikati ya neno huandikwa ndefu, inafanana na f, na msomaji mgeni hutamka vichekesho. Mwandishi akiandika "inst." baada ya tarehe anamaanisha mwezi huu huu; akiandika "ult." ni mwezi uliopita. Mtafsiri asiyejua hilo husogeza tukio kwa siku 30 na filamu nzima inapinda. Kalenda nayo: Uingereza na makoloni yake walibadili kalenda mwaka 1752 wakaruka siku 11, na mwaka ukaanza kuhesabiwa tangu Januari badala ya Machi. Ndiyo sababu Washington alizaliwa tarehe 11 Februari 1731 kwa kalenda ya zamani na tarehe 22 Februari 1732 kwa mpya. Chagua moja, andika kwenye ukurasa wa kwanza wa mswada, usichanganye.

Nakala za Jefferson zina taabu ya aina yake. Kabla hajaanza kutumia mashine ya kalamu mbili mwaka 1804, alinakili kwa kubana karatasi nyembamba yenye unyevu juu ya wino ambao haujakauka. Herufi hutoka zimegeuka, unazisoma kwa upande wa pili wa karatasi. Nakala hizo zimefifia. Mhariri hukimbilia kuongeza weusi wa wino na weupe wa karatasi hadi barua ifanane na iliyochapwa jana. Ongeza kidogo tu, iache ionekane karatasi iliyochoka. Na kumbuka kilichokosekana: Martha Washington alichoma karibu barua zote alizoandikiana na mumewe. Mazungumzo yao ya faragha hayapo, basi filamu isiyatunge. Kwa upande wa pili, barua kati ya John na Abigail Adams zimebaki zaidi ya 1,100, ikiwemo ile ya tarehe 31 Machi 1776 anamwambia mumewe kwamba watakapotunga sheria mpya wawakumbuke wanawake. Ndoa moja ina filamu tatu ndani yake, nyingine haina hata dakika moja, na hakuna la kufanya.

Usimulizi wa Kiswahili huleta mitego ambayo wenzetu wa Kiingereza hawaijui. Saa ni ya kwanza. Katibu wa Washington, Tobias Lear, aliandika kwamba Washington alifariki tarehe 14 Desemba 1799 kati ya saa 10 na 11 za usiku wa Kizungu. Kwetu ni kati ya saa nne na saa tano usiku. Tumeshasikia sauti ikisema "saa kumi usiku", na tayari ni alfajiri. Baraza la Wawakilishi ni jina sahihi la chombo cha chini cha Bunge la Marekani, lakini kwa msikilizaji wa Unguja na Pemba ni jina la baraza lake; kwa hiyo litaje mara ya kwanza pamoja na neno Marekani. Jefferson mwaka 1790 alikuwa Waziri wa Mambo ya Nje. Ukimwita "Katibu wa Nchi" unampeleka kwenye ofisi ambayo haijawahi kuwepo. Chama chake kiliitwa cha Republican, ila si hiki cha leo kilichoanzishwa mwaka 1854. Tunasema "chama cha Jefferson", basi. Quincy, jina la John Quincy Adams na la mji wake, kwao Massachusetts hutamkwa "Kwinzi". Monticello ni "Montichelo".

Vyeo vya heshima ndivyo vinavyouma zaidi. Majira ya kuchipua ya mwaka 1789 Seneti ilibishana majuma matatu juu ya namna ya kumwita Washington. Kamati yake ilipendekeza cheo kirefu ambacho kwa Kiswahili kingekuwa kama "Mtukufu Rais wa Marekani na Mlinzi wa Uhuru wao". Baraza la Wawakilishi likagoma, na likabaki neno moja kavu: Rais. Sasa msimulizi aliyelelewa na taarifa za habari za redio zetu akianza kusema "Mtukufu Rais Washington", amekipa kikao kile ushindi kilichoukosa. Kwa sikio la Mkenya au Mtanzania aliyekulia enzi za vyeo virefu, kisa hicho hakihitaji maelezo. Kiache kifanye kazi yake.

Neno lingine ni "mtumishi". Barua za Virginia huwaita watumwa "servants", na mtafsiri mwepesi huandika "watumishi". Msikilizaji wa Dodoma atafikiria watu wenye mshahara na likizo. Andika watumwa, au watu waliotumikishwa, kila mara. Katika marais 12 wa kwanza, ni Adams baba na Adams mwana pekee ambao hawakumiliki watumwa. Mwaka 1799 Mount Vernon ilikuwa na watu 317 waliotumikishwa: 123 ni wa Washington mwenyewe, waliobaki wengi ni wa mirathi ya mume wa kwanza wa Martha, na wachache wa kukodi. Wosia wa Washington uliwaachia huru wale 123 tu, kwa vile wengine hawakuwa mali yake kisheria. Filamu ikisema "aliwaacha huru watumwa wake" bila hesabu hiyo, imesema nusu ya jambo.

Watu hao hawakuchorwa, ila wameandikwa. Washington aliorodhesha majina yao, kazi zao, na mke au mume wa kila mmoja alikokuwa. Orodha hiyo isomwe jina kwa jina, kamera ikifuata mstari. Ona Judge, aliyetoroka nyumba ya rais Philadelphia Mei 1796 akafika New Hampshire, hana picha. Analo tangazo la gazeti la kumtafuta, lenye zawadi ya dola 10 na maelezo ya umbo lake, na analo pia neno lake mwenyewe, kwa kuwa alihojiwa na magazeti katika miaka ya 1840 akiwa mzee. Weka tangazo kwanza, halafu mahojiano. Mpangilio huo unampa yeye neno la mwisho.

Ushahidi wa namna hiyo pia husahihisha hadithi za wakubwa. Waingereza walipoichoma White House tarehe 24 Agosti 1814, inasemwa Dolley Madison, mke wa rais, alibeba mwenyewe mchoro wa Washington. Paul Jennings, aliyekuwa mtumwa wa Madison na alikuwemo nyumbani siku ile, aliandika katika kumbukumbu zake zilizotoka mwaka 1865 kwamba walioushusha ni bawabu Mfaransa na mtunza bustani. Dolley alitoa amri, na hiyo ni barua yake mwenyewe inasema. Wote wawili wanapatana ukiwasoma polepole. Michoro ya karne ya ishirini ya bibi akikimbia na fremu kwapani haipatani na yeyote: mchoro ule ni wa mwili mzima, mrefu kuliko mtu.

Ukipata kibali cha kurekodi ndani ya nyumba za makumbusho, taarifa watakazotaka ni idadi ya watu, uzito wa vifaa, kama kuna tripodi, na taa. Jibu la taa mara nyingi litakuwa hapana. Karatasi na vitambaa vya kale huhifadhiwa kwenye mwanga hafifu wa lux 50 hivi (lux ni kipimo cha mwanga). Kwa lenzi iliyofunguliwa f/2.8 na shata ya 1/50, mwanga huo unataka ISO 2,000 au karibu yake; kamera isiyostahimili hapo itakupa chembechembe kila mahali. Halafu kuna umeme. Kamera iliyotoka Dar es Salaam au Mombasa imepangwa kwa fremu 25 kwa sekunde na shata ya 1/50 kwa sababu umeme wetu ni wa hezi 50. Marekani ni hezi 60. Ukirekodi chini ya taa zao bila kubadili, mistari myeusi itapanda na kushuka juu ya ukuta wa Jefferson, na huioni vizuri kwenye kioo kidogo cha kamera mpaka urudi nyumbani. Baki na fremu 25 ukitaka, ila shata iweke 1/60, kisha rekodi sekunde 20 za majaribio uzitazame kwenye skrini kubwa kabla ya kuanza.

Muziki ni mfupi wa maelezo. Wimbo wa taifa wa Marekani maneno yake yaliandikwa Septemba 1814 na ukawa wimbo wa taifa mwaka 1931, kwa hiyo haumfai Washington wala Adams. Bendi ya Wanamaji iliyoundwa mwaka 1798 bado ipo, na rekodi zake, kwa kuwa ni kazi ya serikali kuu, hazina hakimiliki nchini Marekani. Kwa michoro, uamuzi wa mahakama ya New York wa mwaka 1999 ulisema picha inayonakili tu mchoro bapa usio na hakimiliki haizai hakimiliki mpya. Picha ya sanamu ni habari nyingine, mpigaji ana haki yake. Makumbusho ya Metropolitan ya New York tangu 2017, yale ya Smithsonian tangu 2020, na National Gallery ya Washington hutoa faili kubwa bure. Hata hivyo andika jedwali tangu siku ya kwanza: dakika na sekunde, jina la kazi, mchoraji, mwaka, namba ya makumbusho, masharti. Kituo kitaliomba, na kulitengeneza baada ya filamu kuisha ni adhabu.

Kuna sura moja ya historia hii ambayo anayesimulia kwa Kiswahili ana mtaji kuliko mwenzake wa Boston. Tarehe 21 Septemba 1833, Jackson akiwa rais, Marekani ilifanya mkataba wa biashara na Sayyid Said huko Muscat. Mwaka 1837 konseli wa kwanza wa Marekani, Richard Waters, mfanyabiashara wa Salem, alifika Unguja. Tarehe 30 Aprili 1840, miaka 51 kamili tangu kiapo cha Washington na katika mji ule ule, meli ya Sultana iliingia bandari ya New York ikiwa na mjumbe wa Sayyid, Ahmad bin Na'aman, na zawadi za Rais Martin Van Buren, zikiwemo farasi wawili wa Kiarabu na lulu. Katiba hairuhusu rais kupokea zawadi ya mfalme bila idhini ya Bunge, kwa hiyo jambo likapelekwa Bungeni. Huu ni mfano bora wa kueleza kifungu kikavu cha katiba: mtazamaji anamwona farasi, anauliza wa nani.

Na kwa mara moja, picha ipo. Edward Mooney alimchora Ahmad bin Na'aman wakati wa safari ile ile, akiwa na kilemba chake. Kwa sauti na vitu, usiende mbali: kitambaa cha pamba kisichopaushwa kilichotoka viwanda vya Massachusetts kiliuzwa pwani yetu hadi kikaitwa merikani, na jina hilo bado linajulikana kwa mafundi cherehani. Nunua mita mbili, irekodi ikikunjuliwa mezani karibu na dirisha, mwanga ukitoka upande mmoja, kipaza sauti kikiwa sentimita 20 kutoka kwenye kitambaa.